Chakula, Adabu na Imani: Siku Moja katika Mji wa Kyoto



Qur'ani Tukufu imetuhimiza mahali pengi tutembee katika ardhi na tuangalie, na katika Suratul Hujurat tumefahamishwa kwamba kufanywa kwetu mataifa na makabila ni ili tujuane. Wazee wetu wa pwani walilifahamu jambo hili vyema. Majahazi yao yalifika Maskati, Basra na Surati, na walirejea na vyombo, vitambaa, maneno mapya na mapishi ambayo leo tunayaita yetu. Hata hivyo safari ilikuwa na masharti yake. Marehemu babu yangu, aliyekuwa mtu wa bahari, kila kijana aliyerudi kutoka mbali alimuuliza mambo matatu kabla ya kumuuliza amechuma nini: Ulikula nini? Ulisali wapi? Ulikaa na nani? Makala haya yanajaribu kuyajibu maswali hayo matatu kuhusu siku moja niliyoitumia mwezi wa Novemba mjini Kyoto, nchini Japani.

Sababu ya safari

Binti yangu wa pili amekamilisha shahada ya pili ya uhandisi wa maji katika chuo kikuu kimoja cha huko, na waalimu wake wamemtaka abaki miaka mitatu zaidi kwa masomo ya udaktari. Barua yake ya kuomba ruhusa ilipofika nyumbani, ilizua mjadala uliochukua wiki kadhaa. Ami zake walisema miaka miwili ilitosha, na kwamba msichana wa Kiislamu hana la kufanya peke yake katika nchi ambayo adhana haisikiki. Mjomba wake, ambaye ndiye aliyemsindikiza alipoondoka mara ya kwanza, alisema amewaona wasichana wawili wa Indonesia anaokaa nao na hana wasiwasi. Bibi yake, ambaye ndiye hasa mwenye nyumba yetu, aliuliza jambo moja tu: "Huko anakula nini?"

Hakuna aliyekuwa na jibu la yakini. Basi tulikubaliana niende nikamtazame kwa macho yangu, kisha nirudi na neno la mwisho.

Nilipofika, baada ya safari ndefu ya ndege kupitia Ghuba, nilimkuta amenipangia ratiba. Miongoni mwa siku hizo ilikuwamo moja ya matembezi ya kundi dogo pamoja na mwongoza watalii: kuyaona mahekalu matatu ya kale, na katikati yake madarasa mawili ya mapishi ambamo wageni hupika kwa mikono yao. Nilimuuliza kwa nini mahekalu. Alinijibu, "Baba, Kyoto bila mahekalu ni kama Lamu bila misikiti. Na huku mapishi yao ya mboga yamezaliwa humo humo hekaluni. Ukitaka kujua nakula nini, njoo uone yanavyopikwa."

Nadhani baadhi ya wasomaji wamekwisha kukunja uso, na wana haki yao. Suala la Muislamu kuingia mahali pa ibada pa watu wa dini nyingine si jipya. Bukhari amepokea kutoka kwa Sayyidna Umar (R.A.) kwamba hawakuwa wakiingia makanisa kwa sababu ya picha na masanamu yaliyomo, na kutoka kwa Ibn Abbas (R.A.) kwamba alikuwa akisali kanisani ila lile lenye masanamu. Wanazuoni waliokuja baada yao wamekhitilafiana: wapo waliokataza, hasa penye sanamu, wapo waliochukia, na wapo walioruhusu pasipokuwa na kushiriki ibada. Mimi nilimpa binti yangu masharti yangu: bustani, mabaraza na majengo nitayatazama, ila ukumbi wenye sanamu inayoabudiwa sitauingia; ubani sitauwasha, na kichwa sitakiinamisha mbele ya chochote kilichochongwa. Alitabasamu akasema, "Hayo ndiyo masharti yangu tangu nilipofika."

Mawe kumi na tano na birika la maji

Tulikutana kituo cha treni saa mbili na nusu asubuhi, baridi ikiuma, watu tisa kwa jumla. Mwongozaji wetu alikuwa mama wa makamo, mpole, mwenye kitambi kidogo cha rangi ya samawati shingoni ili tusimpoteze katika umati.

Hekalu la kwanza lilikuwa Ryoan-ji, lililoanzishwa mwaka 1450. Umaarufu wake wote umo katika uwanja mmoja mdogo wa changarawe nyeupe uliozungukwa na ukuta wa udongo. Hakuna ua wala mti ndani yake. Kuna mawe 15 tu, yamepangwa kwa mafungu, na changarawe huchanwa kwa reki ikawa na mistari kama mawimbi. Unavua viatu, unakaa kwenye baraza la mbao, unatazama. Mwongozaji alituambia tuyahesabu mawe. Popote utakapokaa barazani utaona 14. Moja hufichwa na jingine. Watalii walihama huku na huku wakihesabu, na mimi pia nilihesabu. Kila mtu alipata 14.

Nyuma ya jengo hilo lipo birika la jiwe la kunawia mikono, limechongwa mfano wa sarafu ya kale yenye tundu la mraba katikati. Tundu hilo hutumika kama sehemu ya kila moja kati ya herufi nne zilizolizunguka, na zikisomwa pamoja maana yake ni kwamba mtu anajua kutosheka na alicho nacho. Binti yangu alinisomea. Nikamwambia kwamba katika vitabu vyetu jambo hilo lina mlango wake na jina lake, nalo ni kanaa, na kwamba Mtume wetu (S.A.W.) ametufundisha kuwa utajiri si wingi wa mali bali ni kutosheka kwa nafsi. Mwongozaji aliomba atafsiriwe maneno hayo, akayaandika katika kijitabu chake.

Kunawa kwenyewe kuna utaratibu, utakaouona katika mahekalu mengi. Unachota maji kwa kata ya mwanzi, unanawa mkono wa kushoto, kisha wa kulia, kisha unasukutua. Mzungu mmoja katika kundi letu alinitazama akaniuliza kama huo si udhu. Nilimweleza kwamba sisi twaanza kwa kulia, na kwamba udhu una nia, una viungo vyake na una ibada inayoufuata; maji ni yale yale, bali anayekusudiwa siye yule yule. Aliridhika, au alinyamaza kwa adabu.

Ufuta, mchi na moto mdogo

Kutoka hapo tulikwenda Arashiyama, magharibi ya mji, penye mto, daraja refu na msitu wa mianzi mirefu inayogongana juu kwa upepo. Hapo pana hekalu la Tenryu-ji, lililoanzishwa mwaka 1339. Majengo yake yameungua mara nyingi katika historia, lakini bustani yake ya ziwa, iliyopangwa na mtawa Muso Soseki, ingalipo tangu karne ile ya 14. Majani ya miti yalikuwa yamegeuka mekundu, na vilima vya nyuma vilionekana kama sehemu ya bustani. Niliketi pale nikimsabihi Mwenyezi Mungu kwa uumbaji Wake, ambao hauna haja ya idhini ya mwenye kiwanja.

Darasa la kwanza lilifanyika katika nyumba ya mbao karibu na hapo. Mwalimu wetu, mama mtu mzima mwenye mikono myepesi, alianza kwa historia. Japani ilikuwa na mfalme aliyeitwa Tenmu, ambaye mwaka 675 alitoa amri ya kukataza kula ng'ombe, farasi, mbwa, nyani na kuku katika miezi ya kilimo. Kwa karne nyingi zilizofuata nyama ilikuwa jambo la kando katika chakula chao, hata mfalme Meiji alipokula nyama ya ng'ombe hadharani mwaka 1872 ilikuwa ni habari ya nchi nzima. Watawa wa Kibudha ndio walioyakuza mapishi yasiyo na nyama wala samaki, yanayoitwa shojin ryori. Hawatumii hata vitunguu na saumu, kwa kuona kwamba vinaitibua nafsi. Hapo nilikumbuka kwamba sisi pia tumekatazwa na Mtume (S.A.W.) kuukaribia msikiti tukiwa tumekula vitunguu vibichi, ingawa sababu yetu ni kutowaudhi wenzetu na malaika kwa harufu.

Alitusimulia pia habari za mtawa Dogen. Kijana huyo alivuka bahari kwenda China mwaka 1223 kutafuta elimu. Angali melini bandarini, alifika mzee mmoja wa zaidi ya miaka 60, mpishi wa hekalu, aliyekuja kwa miguu kutoka mbali kununua uyoga wa Kijapani. Dogen alimwomba abaki walau usiku mmoja wazungumze elimu. Mzee alikataa: kesho yake ana watu wa kulisha. Kijana akastaajabu kwamba mtu wa umri ule anashughulika na jiko badala ya vitabu, na mzee akacheka, akamwambia bado hajafahamu elimu ni nini. Dogen aliporudi kwao aliandika, mwaka 1237, kitabu kizima cha maagizo kwa mpishi, kiitwacho Tenzo Kyokun, ambamo anasisitiza kwamba hata punje moja ya mchele isipotee.

Kisha tukashika kazi. Tulipika kitu kiitwacho goma-dofu. Jina lina neno tofu lakini hakuna maharagwe ya soya ndani yake; ni ufuta mweupe, wanga wa mizizi ya mtambaa uitwao kuzu, na maji yaliyorowekwa mwani mkavu. Mwani huo si wa jamii moja na ule ambao akina mama wa Kibuyuni, kule Kwale, wanaupanda na kuuanika kwa ajili ya kuuza ng'ambo, bali nilifurahi kuukuta mwani ndani ya chungu, na si ndani ya gunia.

Ufuta husagwa katika bakuli la udongo lenye michirizi ndani, kwa mchi wa mti. Unazungusha, hupondi. Unazungusha mpaka ufuta utoe mafuta yake, na hilo ni jambo la muda mrefu. Kisha unachanganya na wanga na maji, unachuja, unatia katika sufuria juu ya moto mdogo, na unasonga bila kuacha. Mwanzoni ni maji. Ghafla huanza kuwa mazito, na mkono unauma. Watalii wengi walipeana zamu. Mimi sikutoa mwiko, kwa sababu mkono wangu uliitambua kazi ile tangu utotoni. Ni kusonga halua, ndugu zangu. Wanga ule ule, uvumilivu ule ule, na yule yule mtu mzima nyuma yako anayekwambia usiache kusonga, itashika chini. Nilipomwambia mwalimu kwamba kwetu Mombasa tuna chakula kinachosongwa hivi kwa saa kadhaa, kwa sukari, samli na hiliki, alitaka kujua mpaka umbo la sufuria.

Chupa ya mchuzi

Sasa nifike kwenye jambo lililonipeleka.

Watu wengi hudhani kwamba chakula kisicho na nyama ni halali moja kwa moja. Japani si hivyo. Katika mapishi yao ya mboga huingia mara nyingi sake, ambayo ni pombe ya mchele, na mirin, ambayo ni pombe tamu ya kupikia yenye kileo cha takriban asilimia 14. Hizo ni khamri, na katika madhehebu yetu ya Shafii ni najisi pia, hata zikichemshwa. Mchuzi wa soya una maelezo yake: huvundikwa kutokana na soya, ngano na chumvi, na katika kuvunda hujitokeza kileo kidogo chenyewe, jambo ambalo wanazuoni wengi wa zama zetu wamelisamehe kwa kuwa halileweshi kwa wingi wake wala kwa uchache wake. Lakini wapo watengenezaji wanaoongeza kileo kwa makusudi ili mchuzi usiharibike, na rai ninayoifuata mimi ni kuuepuka wa aina hiyo.

Binti yangu alikuwa amemwandikia mwalimu wiki mbili kabla, akamweleza yote haya kwa Kijapani. Mwalimu alitutengea sufuria zetu, akapika bila sake wala mirin, na akanunua mchuzi ambao wote wawili walikubaliana. Tulipoketi kula, vijisahani vikapangwa: goma-dofu yetu imekatwa miraba, boga lililochemshwa, uyoga, wali, supu, na achari ya figili nyeupe. Mwalimu akazunguka akimimina mchuzi juu ya kila goma-dofu. Alipotufikia sisi, binti yangu aliitazama chupa. Haikuwa ile waliyokubaliana. Aliomba aishike, akaigeuza, akasoma maandishi madogo ya nyuma, nami nikaona kidole chake kimesimama mahali pamoja.

Wote walikuwa wakingoja tuanze. Chakula kilikuwa tayari mbele yetu, mwenyeji amesimama, na katika desturi za watu wale kumwaibisha mwenyeji mbele ya wageni ni jambo zito. Nilinyamaza. Nilitaka kumwona atafanya nini nisipokuwapo, na njia pekee ya kuona hayo ilikuwa ni kukaa kama sipo.

Aliirudisha chupa kwa mikono miwili. Alisema maneno machache kwa sauti ya chini, akainamisha kichwa kidogo kama wanavyoshukuru wao kwa wao, na akaomba chumvi. Mwalimu akashika mdomo kwa haya. Kumbe katika haraka alichukua chupa ya jikoni kwake. Alitaka kwenda kuitafuta ile nyingine, lakini binti yangu akamzuia asiwacheleweshe wenziwe. Tulikula goma-dofu yetu kwa chumvi. Kisha, kabla mtu hajapata nafasi ya kuona vibaya, alimuuliza mwalimu jinsi ya kuipata rangi ile nyeupe ya ufuta, na mazungumzo yakahamia huko. Hakuna aliyeaibika, na hakuna kilichoingia kinywani mwetu chenye shaka.

Mtume wetu (S.A.W.) hakuwahi kukitia ila chakula: akikipenda alikila, asipokipenda alikiacha. Imepokewa na Bukhari na Muslim. Nimeisomesha hadithi hiyo miaka mingi, na siku ile niliiona ikitendwa mezani na mtoto niliyemfundisha alifu.

Kabla ya kula Wajapani husema neno itadakimasu, maana yake ni kupokea kwa unyenyekevu. Wanamshukuru mpishi, mkulima, na hata kile kinacholiwa. Sisi tulisema Bismillahi. Ni adabu nzuri kumshukuru mpishi, na asiyewashukuru watu hajamshukuru Mwenyezi Mungu. Bali shukrani ikiishia kwa mpishi na mkulima, aliyeiteremsha mvua anabaki hajatajwa. Mwisho wa mlo tulionyeshwa desturi ya watawa: unabakisha kipande kimoja cha achari, unamimina maji ya moto bakulini, unalifuta bakuli kwa kipande hicho mpaka liwe safi, kisha unakila na maji unayanywa. Watalii walicheka. Mimi na binti yangu tulitazamana, kwa sababu sisi tumeamrishwa kukisafisha chombo na kuliokota tonge lililoanguka, kwa kuwa hatujui baraka imo katika sehemu gani ya chakula chetu. Imepokewa na Muslim.

Nawauliza wasomaji kwa mapenzi: katika harusi zetu na maulidi yetu, tonge ngapi tunaziokota? Nimeona sinia za pilau zikimwagwa nyuma ya ukumbi zikiwa zimeguswa upande mmoja tu. Watawa wale hawana hadithi ya Muslim mikononi mwao. Sisi tunayo.

Tulisali wapi

Adhuhuri ilipoingia, mwalimu alitupa chumba cha ndani chenye mikeka minene ya nyasi, safi kuliko vyumba vingi nilivyosalia safarini. Lakini pembeni mwake palikuwa na kijikabati cha ibada ya wazee wao waliokufa. Binti yangu alimwomba kwa upole atupatie mahali pengine, akatupisha barazani kuelekea bustani. Qibla ya Kyoto iko magharibi ikipinda kidogo kaskazini, si kaskazini kama yetu Mombasa. Nilikuwa nimekwisha kutia nia ya kukaa mjini humo zaidi ya siku nne, kwa hiyo hukumu ya safari ilikuwa imeniondokea. Tulisali rakaa nne kamili, mimi mbele na yeye nyuma yangu.

Wenye kwenda huko wajue kwamba mwezi wa Novemba jua la Kyoto huzama yapata saa kumi na moja jioni, na sala zinafuatana kwa karibu. Alasiri tuliisali ukingoni mwa mto Kamo, juu ya nyasi, watu wakipita na baiskeli bila kutujali. Mjini humo upo msikiti mdogo katika jengo la kawaida, na Ijumaa yake tulikwenda Kobe, ambako uko msikiti wa kwanza kujengwa Japani, uliofunguliwa mwaka 1935. Ulinusurika na mabomu ya mwaka 1945 na zilzala kubwa ya mwaka 1995. Safu zilijaa watu wa kila rangi, na nilimkuta binti yangu baadaye upande wa wanawake akiaga marafiki zaidi ya kumi kwa majina yao.

Chai chungu na utamu wa maharagwe

Hekalu la mwisho lilikuwa Kennin-ji, lililoanzishwa mwaka 1202 na mtawa Eisai. Mwongozaji aliwaingiza wenzetu katika ukumbi mkubwa wenye sanamu na picha ya mazimwi wawili darini. Mimi na binti yangu tulibaki nje. Alirudi peke yake akauliza kama kuna lililotuudhi. Nilimweleza kwamba hatukuudhika. Kwamba imani yetu ni ya Mungu mmoja asiyefananizwa na kitu, na kwamba dini yetu hiyo hiyo imetukataza kuyatukana wanayoyaabudu wengine. Akafikiri kidogo, akasema kwamba wageni wengi huingia bila kuamini chochote na hupiga picha tu, na kwamba anamheshimu aliyesimama nje kwa sababu zaidi kuliko aliyeingia bila sababu.

Eisai ndiye aliyerudi kutoka China mwaka 1191 na mbegu za chai, na watawa waliinywa ili wasisinzie katika ibada yao ya usiku. Darasa la pili lilihusu chai hiyo. Lakini kwanza tulitengeneza vitamutamu vya kuliwa nayo, kwa maharagwe meupe yaliyopondwa na sukari mpaka yakawa kama udongo laini. Unafinyanga kwa vidole na kijiti. Wenzangu walifinyanga sungura na ndege. Mimi nilifinyanga jani. Kisha unga wa chai ya kijani ukatiwa bakulini, ukamiminiwa maji ya moto na kupigwa kwa upekecho wa mwanzi mpaka povu likasimama. Ni chungu kweli kweli. Unakula utamu kwanza, ndipo unakunywa uchungu.

Mtu wa pwani hahitaji kufundishwa jambo hilo. Ni halua na kahawa chungu. Na kahawa yenyewe, kama tunavyojua, ilienea kutoka Yemen katika karne ya 15 kwa mikono ya masufi waliokuwa wakiinywa ili wakeshe katika dhikri. Watu wa pembe mbili za bara la Asia, wasiojuana, kila mmoja akitafuta kinywaji cha kumwondolea usingizi.

Neno nililorudi nalo

Niliporejea Mombasa tuliketi jamaa wote. Nilianza kwa kumjibu bibi yake, kwa kuwa swali lake ndilo lililokuwa la msingi: anakula mchele, samaki, mayai, mboga na uyoga, nyama ya halali huinunua dukani kwa Waislamu, na asichokijua hakitii kinywani. Nikaisimulia habari ya chupa. Mama alisikiliza, akauliza tena kama kweli aliirudisha kwa mikono miwili, kisha akasema amuachilie Mungu.

Nilitoa ruhusa yangu. Si ami zake wote walioridhika. Mkubwa wetu angali anaona kwamba miaka mitatu ni mingi, na nimeikubali nasaha yake moja: kila mwaka mmoja wetu atakwenda kumtazama, na mwaka ujao ni zamu yake. Simuoni kuwa mpinzani. Mtoto mwenye ami anayeuliza maswali yuko salama kuliko asiyeulizwa na mtu.

Kwa wazazi wenye watoto wanaojiandaa kwenda masomoni ng'ambo, nasema haya. Wafundisheni fiqhi ya vyakula kabla ya viza, na muifundishe kwa mifano ya huko waendako, maana kumwambia mtoto aepuke nguruwe na pombe hakumsaidii mbele ya chupa ya mirin asiyoijua. Wafundisheni kuuliza kwa adabu na kukataa kwa adabu, kwani wengi huvunja amri ya Mungu kwa kuona haya na wengine huvunja heshima ya watu kwa kujionyesha. Wapeni ujuzi wa qibla na nyakati za sala. Na mkiweza, nendeni mkawaone, mkae nao mezani, na mnyamaze kidogo.

Mwenyezi Mungu awahifadhi watoto wetu popote walipo, awaruzuku yaliyo halali na yaliyo mazuri, na awarudishe kwetu na elimu yenye manufaa na imani iliyosalimika. Amin.